Pingamizi la Anusaya

"Akikuuliza kitu, wewe inamisha kichwa tu, shemeji. Maneno niachie mimi."

Limbaji alikuwa ameshayasema hayo stendi, akayarudia ndani ya basi, na sasa anayasema tena kwenye ngazi za Mahakama Kuu ya Aurangabad, huku anamkung'uta vumbi begani kana kwamba anampeleka harusini. Anusaya aliitikia. Kichwa kilikuwa kinamgonga, na sandali mpya zilikuwa zinamla kisigino. Tangu wamzike Pravin amekuwa mtu wa kuitikia tu. Ukimwambia kula, anakula. Ukimwambia lala, anajilaza na kutazama mabati mpaka kuche.

Kitu kimoja tu alikuwa hakiitikii, na hicho ndicho kilichomtoa nyumbani siku ile: Digvijay Patil asitoke. Kumnyonga sijui, hayo ni ya serikali. Yeye alitaka yule kijana akae ndani mpaka kesi isikilizwe, mpaka Limbaji apande kizimbani aseme alichokiona. Akitoka kabla, nani atafungua mdomo? Mtaa wetu mzima, ng'ambo ya kijito, unaishi kwa mkono wa akina Patil. Miwa tunayokata ni yao. Kinu cha kusaga mtama ni cha binamu yao. Hata njia ya kwendea barabara kuu inapita shambani kwao, na wakiamua kuifunga, sisi tutazunguka na majeneza yetu mgongoni. Wakati huo mashahidi walikuwa wameshapukutika wote, kila mmoja na sababu yake: huyu siku ile alikuwa na homa, yule alikuwa amegeukia upande mwingine. Akabaki Limbaji peke yake.

Na Limbaji si mtu baki. Ni mdogo wa marehemu mume wake. Anusaya alipoletwa bibi harusi katika nyumba ile alimkuta anakimbiakimbia uchi, kamasi mpaka kidevuni, mama yao ameshakufa. Akamwosha. Akamlisha kwa mkono wake. Alipougua surua alilala naye sakafuni mpaka akapona. Ndiyo maana Pravin alipouawa, na Limbaji akaenda polisi akasema, "Mimi nimeona, niandikeni," Anusaya hakushangaa. Alijiambia, mtoto niliyemlea haniachi.

Kisa chenyewe kila mtu anakijua huku kwetu. Siku ya Pola, sikukuu ya ng'ombe, madume wote wanaoshwa, wanapakwa rangi kwenye pembe, wanavishwa maua na kupitishwa langoni mwa kijiji. Wa Patil ndiye anayetangulia. Sisi Wamang, watu wa tabaka la chini, kazi yetu tangu enzi za mababu ni kuleta kamba mpya na kuwapigia halgi, ile ngoma bapa ya kushikwa kifuani. Ukimaliza kupiga unasimama nje ya lango, unatandaza nguo, wanakutupia chapati za sukari guru kutoka mbali ili mikono isigusane. Maruti, mumewe Anusaya, alipiga halgi ile mpaka anakufa. Baada yake ikawa zamu ya mwanawe. Lakini Pravin alikuwa amesoma chuo, ana vitabu vyake, ana picha ya Babasaheb, yule mtetezi wa watu wa tabaka la chini, juu ya kitanda. Walipomfuata akawajibu, tena kwa adabu:

"Mimi sipigi. Ng'ombe wenu wana miguu, watembee wenyewe."

Kwa maneno hayo tu, jamani! Hakutukana mtu. Hakurusha jiwe. Jioni ile majirani walimbeba wakamrudisha kwa mama yake juu ya mlango wa mbao, na uso wake ulikuwa hautazamiki. Limbaji alieleza polisi kwamba alikuwa mbali, kwenye mwarobaini, akamwona Digvijay na wenzake wawili wakimpiga kwa mipini ya majembe pembeni ya lango.

Wenzake wawili walitoroka. Digvijay alikamatwa. Mahakama ya wilaya ikamnyima dhamana, kwa sababu kesi za namna hii, za mtu wa tabaka la chini kuuawa kwa sababu ya tabaka lake, zina sheria yake kali. Baba yake akakata rufaa. Mzee huyo, Bapusaheb, si mtu wa kukubali neno hapana. Akaweka wakili mwenye gari jeupe na makarani wa kumbebea mafaili, rufaa ikapelekwa mbele ya jaji mkubwa, na sasa ndiyo siku yake.

Polisi wa kuleta taarifa ya rufaa alimkabidhi Limbaji. Kwa nini Limbaji na si mama mtu? Hapo ndipo palipo na ujinga wetu, na naomba niuseme tu. Huku kwetu mke hataji jina la mumewe. Ukilitaja unampunguzia umri. Maruti alishakufa zamani, sijui jina lingempunguzia nini tena huko aliko, lakini mazoea ni mazoea. Anusaya alilitaja mara moja tu maishani, siku ya harusi, ndani ya kile kishairi cha utani ambacho bibi harusi analazimishwa kukisema huku wifi zake wanamfinya. Sasa katika ofisi za serikali jina la mwanamke linabeba jina la mume katikati. Kituo cha polisi walimwuliza, "Anusaya nani?" Akavuta ncha ya sari akafunika mdomo. Limbaji akamtajia. Mahakama ya wilaya, hivyo hivyo. Kila alipoulizwa, Limbaji alijibu, na kila ofisi iliyomwona Limbaji akijibu ikamchukulia yeye ndiye msemaji wa nyumba ile. Mwisho hata kumtazama mama waliacha.

Basi wakapanda ngazi. Kwenye ukumbi wa juu, mbele ya mlango wa chumba cha jaji, alikuwa amesimama Bapusaheb mwenyewe, kilemba cheupe, mikono nyuma. Anusaya akakaza macho chini apite. Mzee akatabasamu.

"Umefika salama, dada?"

Dada! Maisha yake yote mtu huyu hajawahi kumwita hata kwa jina. Alikuwa anamwita "we Mang," au anapiga kidole tu. Anusaya akamgeukia Limbaji, na Limbaji alikuwa anafunga kifungo cha shati lililokuwa limeshafungwa.

"Huyu amepatwa na nini leo?" Anusaya akanong'ona.

"Achana naye. Anataka kuonekana mtu mbele ya watu. Kaa hapa."

Wakakaa benchi la nyuma. Kesi zilikuwa nyingi, mawakili wanaingia na kutoka na majoho yao meusi, Kiingereza kinamwagika. Anusaya hakuelewa hata neno. Alimtazama jaji, mwanamume mwembamba mwenye miwani aliyekuwa akijikuna shingo, akawaza, huyu naye ana mama. Ilipoitwa kesi yao Limbaji alimgusa kiwiko, wakasogea mbele.

Wakili wa gari jeupe alizungumza muda mrefu, taratibu, kwa sauti ya mtu aliyeshiba. Mara mbili tatu akawaonyesha wao kwa mkono, na kila alipowaonyesha jaji aliinua macho. Wakili wa serikali, kijana mwenye rundo la mafaili mbele yake, akasema maneno machache akakaa. Jaji akaacha Kiingereza. Akauliza kwa lugha yetu, wala hakuwa mkali:

"Mlalamikaji yupo?"

Karani akamwita asogee. "Jina kamili?"

"Anusaya..." Akakwama. Mkono ukaenda wenyewe kwenye ncha ya sari.

"Anusaya nani, mama? Jina la mume?"

Nyuma kuna watu wakacheka. Limbaji akapiga hatua, viganja vimekutana kifuani.

"Anusaya Maruti Khandagale, mheshimiwa. Mimi ni shemeji yake. Huyu ni mtu wa kijijini, hajui mambo ya mahakamani. Mimi ndiye ninayemsemea."

"Na huyu, mheshimiwa," wakili wa Patil akaingilia haraka, "ndiye shahidi mkuu wa serikali. Ndiye aliyeona."

Jaji akamtazama Limbaji kwa makini zaidi. "Sheria inataka familia ya marehemu isikilizwe kabla sijaamua. Mnasemaje juu ya dhamana hii?"

Anusaya alisimama wima. Hapo ndipo alipokuwa akipangojea. Limbaji akamtangulia.

"Mheshimiwa, sisi hatuna pingamizi. Tunaishi kijiji kimoja, tunategemeana. Yaliyopita tumeyaacha. Kijana wa watu atoke, na mimi nilichosema polisi nilikisema kwa machungu. Nilikuwa mbali, sikuona vizuri."

Alisema kwa lugha ya nyumbani, kila neno likasikika. Anusaya aliyasikia yote. Hakuona hasira kwanza, aliona aibu, kana kwamba yeye ndiye aliyevuliwa nguo mbele ya watu wale wote. Limba? Limba huyu huyu?

"Mama," jaji akamgeukia, "ndivyo ilivyo?"

"Inamisha kichwa, shemeji," Limbaji akanong'ona bila kugeuka. "Kwa ajili ya mtaa. Inamisha."

Na kichwa kikainama! Naapa, kiliinama chenyewe. Mwaka mzima kimefundishwa kuinama, sasa kitafanya nini? Jaji akaondoa macho kwake, akaanza kumsomea mwandishi maneno ya uamuzi kwa Kiingereza, na vidole vya mwandishi vikaanza kugonga. Bapusaheb akashusha pumzi ndefu. Anusaya akaisikia ile pumzi, na ndiyo iliyomzindua.

"Hapana!"

Chumba kizima kikageuka. Karani akamwonyesha kidole mdomoni, nyamaza. Hakunyamaza.

"Hapana, mheshimiwa! Msiandike! Hapana!"

"Mama, umekubali sasa hivi mbele yangu," jaji alisema.

"Kichwa ndicho kilichokubali. Mimi sijakubali."

Kuna wakili alicheka, akajikohoza haraka. Jaji hakucheka. Aliinua mkono na mwandishi akaacha kugonga.

"Mheshimiwa, amechanganyikiwa," Limbaji akasema, jasho limemvaa. "Tangu mtoto afe hayuko sawa. Mimi ndiye..."

"Sikukuuliza wewe. Kaa chini." Jaji akaegemea mbele. "Mama, hapa nina watu wawili wa nyumba moja. Mmoja anasema ndiyo, mmoja anasema hapana. Nataka kujua mlalamikaji ni nani. Nitajie jina lako mwenyewe, kwa mdomo wako, kamili, liandikwe."

Anusaya alifungua mdomo. Limbaji, kwa mazoea tu, midomo yake ikaanza kulitengeneza lile jina, na Anusaya akaiona.

"Anusaya Maruti Khandagale," alisema, na hakufunika mdomo. "Maruti ni mume wangu. Amekufa. Pravin ni mwanangu, naye amekufa, amemuua huyo anayeombewa dhamana. Mimi ndiye mama. Ninapinga. Huyu shemeji yangu hakuniuliza, sijui ameambiwa nini na nani, ila mimi ninapinga. Huyo kijana akirudi kijijini leo, kesho hakuna kesi. Mashahidi wote watakuwa kama huyu. Si umemwona mwenyewe? Huyo hajatoka bado, na shahidi wangu ameshageuka!"

Jaji alimtazama Limbaji. Akamtazama Bapusaheb kule nyuma, ambaye sasa alikuwa anaangalia dari. Akauliza mama ana wakili? Hana. Basi akaagiza aitwe wakili wa msaada wa kisheria, na kesi irudi baada ya chakula cha mchana.

Aliyekuja ni mwanamke mnene aitwaye Sunanda Bansode, anahema kwa ngazi, na mkoba uliojaa karatasi na harufu ya bajia. Akamketisha Anusaya ukumbini, akamsikiliza mwanzo mpaka mwisho bila kumkatiza, kisha akafuta mikono na kusema, "Haya. Sasa na sisi tuna mdomo." Na kweli alikuwa nao. Mchana ule, wakili wa gari jeupe alipoinuka aseme kwamba familia imepatana, Sunanda akauliza imepatana na nani, kwa maana mama wa marehemu yuko hapa na hajapatana na mtu. Akauliza shahidi anayegeuka mbele ya jaji, mshtakiwa akiwa bado ndani, atakuwaje mshtakiwa akiwa nje, kijiji kimoja naye? Haikuchukua muda. Jaji akasoma, Sunanda akamgeukia Anusaya na kumfinya mkono kwa nguvu.

"Rufaa imetupwa. Anabaki ndani."

Anusaya alitaka kufurahi. Alijitafutia ile furaha, hakuiona. Walipotoka nje kwenye jua, Sunanda akamvuta pembeni, kwenye kivuli cha ukuta.

"Mama, nisikudanganye. Leo tumezuia. Lakini kesi yenyewe imesimama juu ya mdomo wa yule yule aliyesimama pale asubuhi. Bila yeye, siku ya hukumu kijana anatoka kwa mlango wa mbele tena na maua shingoni. Sasa mbembeleze. Najua una hasira naye, hata mimi ninayo. Mpe maneno matamu, hata kama yanakukwama kooni. Ofisi yangu ile pale ng'ambo ya barabara, juu ya duka la miwani. Akiwa tayari kusema kweli mlete leo leo, kabla hawajamfikia. Ukipita usiku mmoja wakiwa naye, tumempoteza."

Akaondoka na mkoba wake.

Limbaji alikuwa kwenye maegesho ya pikipiki, amechuchumaa. Gari la Bapusaheb lilipita mbele yake, akainuka nusu, akainua mkono. Gari halikupunguza mwendo. Akachuchumaa tena.

Anusaya alimwendea akasimama juu yake. Lile shati lake jipya lilikuwa limelowa mgongo mzima.

"Wamekupa nini?"

"Hawajanipa kitu."

"Usinidanganye, Limba. Makamasi yako nimeyafuta mimi kwa sari yangu. Wamekupa nini? Shamba? Wamekuahidi kumwozesha binti yako? Sema! Nataka kujua mwanangu umemuuza kwa bei gani."

"Sikumuuza, shemeji. Hawajanipa kitu, haki ya Mungu." Alikuwa anakwangua ardhi kwa kijiti. "Kuna kitu wanakijua."

"Kitu gani?"

Mtu mmoja akaja kuchukua pikipiki yake, ikagoma kuwaka, akaipiga teke mara kadhaa, ikawaka, akaondoka. Ndipo Limbaji akasema, na hata hapo hakuinua uso.

"Sikuwa kwenye mwarobaini."

"Ulikuwa wapi?"

"Langoni. Hapo hapo. Pravin alipokataa waliniita mimi. Bapusaheb akasema ng'ombe hawawezi kupita lango kimya kimya, ni mkosi wa mwaka mzima. Nikasema sawa. Nikachukua ile halgi ya kaka. Nilidhani nikipiga mimi yataisha, watamwachia mtoto. Ng'ombe wakapita wote. Nikataka kuacha, Digvijay akaniambia endelea, piga kwa nguvu, asisikike huyu." Kijiti kikamvunjika mkononi. "Nikaendelea."

Anusaya hakumwelewa mara moja. Kisha akaelewa, na ikawa kama amemwagiwa maji ya moto.

Kwa sababu aliisikia. Siku ile ya Pola alikuwa jikoni, anasonga dengu kwa ajili ya chapati za sukari guru, akaisikia halgi inalia kule langoni, inalia vizuri, mapigo ya Maruti yale yale. Watu walimwambia baadaye kwamba Patil alileta wapigaji wa kijiji cha pili, naye akaamini, hakuwa na akili ya kuulizia ngoma. Lakini pale jikoni, kabla hajaambiwa lolote, alidhani ni Pravin. Alidhani mwanawe amelegea, amekubali kupiga, mambo yamekwisha kwa amani. Alisema kwa sauti, asante Mungu, mtoto amepata akili. Akaongeza sukari guru kwenye sufuria, apikie vizuri, amfute machungu. Na jinsi ile ngoma ilivyozidi kupigwa ndivyo moyo wake ulivyozidi kutulia.

"Limba," alisema, na sauti haikuwa yake. "Pale langoni na kwangu ni pua na mdomo. Ungeacha kupiga, ningemsikia."

"Najua."

"Aliniita?"

Limbaji alijifunika uso kwa mikono yote miwili.

"Nakuuliza, mwanangu aliniita?"

"Alikuita."

"Ningekuja mbio."

"Wangekuua na wewe, shemeji."

"Ningekuja!"

Alipaza sauti mpaka walinzi wa getini wakageuka. Alimpiga pia, makofi, kichwani, mabegani, popote, kama anavyopigwa mtoto aliyechoma nyumba, naye Limbaji hakujikinga. Mikono ilipochoka akajikalia tu pale chini kwenye mafuta ya pikipiki, sari yake nzuri ya safari imepanda magotini, akalia. Walilia wote wawili, kila mmoja peke yake.

Baadaye Limbaji akaanza kueleza, maneno yanamtoka ovyo. Kwamba alikwenda polisi siku ile kwa sababu moyo ulikuwa unamchoma, akasema alichokiona, akaficha alichokifanya. Kwamba Bapusaheb alimwita wiki iliyopita akamkalisha kwenye kiti, kiti hasa, akamwagizia chai kwa kikombe cha nyumbani kwao, akamwambia: ukisema wewe, na sisi tutasema. Shemeji yako ajue nani alikuwa anapiga ngoma. Mtaa wako ujue. Watoto wako wajue.

"Si jela niliyoiogopa," alisema. "Niliogopa wewe ujue."

"Sasa nimejua."

"Ndiyo."

"Basi hawana tena cha kukutishia. Inuka."

"Twende wapi?"

"Ng'ambo kule, juu ya duka la miwani. Kuna yule wakili. Utamwambia yote, mwarobaini uufute, ngoma uitaje, na nani alikuamuru upige. Kisha atakupeleka kwa hakimu uyaseme tena."

Limbaji aliinuka polepole, akajifuta uso kwa kiganja. Alikuwa mtu wa makamo, mvi zimeshamwingia, lakini alisimama pale mikono inaning'inia kama anasubiri kuvishwa shati. Wakatoka getini mpaka ukingoni mwa barabara. Magari yalikuwa yanapita bila kuacha nafasi, malori ya miwa, riksha, mabasi yanapiga honi.

"Shemeji, nikisema hayo, na mimi watanikamata."

"Watakukamata."

"Watoto wangu wadogo. Itabidi niombe dhamana." Akamtazama kwa mara ya kwanza tangu asubuhi. "Wewe ndiye watakayekuuliza. Utapinga?"

Anusaya alijua jibu linalotakiwa. Sunanda alikuwa amempa mkononi: maneno matamu, basi, neno moja tu la uongo, na shahidi wake anavuka barabara anakimbia. Akilikosa huenda mtu huyu akageuka hapa hapa, akapanda basi, na Digvijay Patil akaoshwa kama ng'ombe wa sikukuu. Alilitafuta lile neno. Akamwona Pravin juu ya ule mlango wa mbao.

"Nitapinga," alisema.

Limbaji hakuondoka. Lori likapita, nyuma yake pakawa na upenyo kidogo, na kwa kuwa magari ya upande wa pili yalikuwa yanakuja kwa kasi, Anusaya alimshika mkono wakavuka.